Wivu wa Kocha Clovis

Mambo yalianza na kijana aliyekimbia bila kuambiwa.

Ilikuwa Januari, alasiri, jua limetoka kwa unafiki kama linavyotoka kwetu Luisiana katikati ya baridi. Timu ya besiboli ya Chuo Kikuu cha Belle Anse ilikuwa mazoezini. Kocha Dalton Meaux alisimama pembeni ya kituo cha tatu, mikono mfukoni, akimtazama kijana aliyekuwa kituo cha kwanza. Kwenye mchezo huu kocha hapigi kelele. Anajigusa tu, kofia, kifua, mkanda, na kila mguso una maana yake. Mkimbiaji asiyepewa ishara habanduki. Siku hiyo Dalton hakujigusa hata pua, lakini yule kijana alichomoka mbio kuelekea kituo cha pili, akatolewa kwa aibu kabla hajafika.

Dalton akamwita, akamuuliza kwa upole ni nani aliyemwambia akimbie.

"Si wewe, Kocha? Umeshika sikio mara mbili."

"Mimi sina ishara ya sikio."

"Basi ni yule aliyekuwa nyuma yako," kijana akasema, halafu akachungulia tena, maana nyuma ya Dalton palikuwa na uzio wa waya tu, na nyuma ya uzio ni miwa mpaka upeo wa macho.

Wenzake wakamcheka, wakamuuliza jana alikunywa nini. Dalton naye akacheka. Kisha akaisikia harufu, dawa ya kuchua misuli imechanganyika na tumbaku ya kutafuna, karibu kabisa na shingo yake. Kicheko kikamkauka mdomoni. Harufu hiyo alikaa nayo benchi moja miaka kumi na miwili, alipokuwa kocha msaidizi. Na kushika sikio mara mbili ilikuwa ishara ya bosi wake wa zamani, Kocha Clovis Guillory. Kocha Clovis alikuwa marehemu, huu mwaka wa tatu.

Nieleze kidogo kuhusu uwanja huo, na nitaeleza mimi kwa sababu nyumba yangu inapakana na ya Guillory na niliyaona mengi. Ulijengwa kwa mbao na babu zetu wakati wa njaa, kwenye kipande cha shamba la miwa ambacho mwenyewe alishindwa kukikausha. Mpaka leo mvua ikinyesha vyura wanaimba hadi mahali anaposimama mrushaji. Mama zetu waliuza soseji za wali na mchuzi wa bamia misimu mitatu ndipo taa zikawaka. Kimbunga kiling'oa paa la majukwaa mara mbili. Mara ya pili Clovis alilirudisha kwa mikono yake mwenyewe, ubao kwa ubao, na watu wakampigia makofi. Paa la nyumba yake nalo lilikuwa limeng'oka, likafunikwa turubai la bluu miaka miwili mizima, mkewe Verlie akihamisha ndoo chumba hadi chumba. Hilo hakuna aliyelipigia makofi.

Mwanamke yule aliolewa na mtu aliyekuwa tayari ana mke, na mke huyo ni uwanja. Siku alipojifungua mtoto wake wa pekee, mtoto ambaye hakuvuta pumzi, Clovis alifika hospitali jioni mechi ilipokwisha, viatu vyake vya meno, vile vya kuchezea vyenye vyuma kwenye soli, bado vina udongo mwekundu, akasema pole, akauliza kama kuna chakula. Verlie aliwahi kuniambia kwamba angekuwa amemfumania na mwanamke angejua la kufanya. Mwanamke unaweza kumvuta nywele. Uwanja utauvuta nini?

Alipofariki, wakauita uwanja kwa jina lake. Tena kwetu hapa watu wa mpira wakifa hupenda kuzikwa mpirani, basi Clovis naye aliacha neno kwamba achomwe, na majivu yake yafukiwe chini ya kile kibao cheupe anaposimama mpigaji. Chuo kilikubali kimyakimya. Verlie ndiye aliyepiga magoti akachimba, akamwaga, akafukia, na nilimsikia kwa masikio yangu akisema, "Haya, Clovis. Kaa nao. Ndio uliowataka siku zote." Kisha akajikung'uta magoti. Padri alikohoa.

Dalton alianza kuja pale nyumbani kurekebisha mfereji wa paa. Mfereji ukapona, yeye akaendelea kuja. Alikuwa mtalaka, mpole, mwenye kucheka taratibu, na akikaa na Verlie jikoni alimtazama usoni wakati anaongea. Jambo dogo hilo. Verlie alikuwa na miaka hamsini na minne na hakuwahi kutazamwa hivyo. Walipanga kuoana kabla ya Kwaresima, na mimi nikapewa kazi ya mchuzi.

Baada ya ile siku ya sikio, mazoezi yakaharibika. Vijana walikimbia kwa ishara za mtu mwingine. Mpigaji alishusha gongo wakati ameambiwa apige. Dalton alibadilisha ishara zote, wiki iliyofuata wachezaji wakazisahau, wakawa wanafuata zile za zamani ambazo wengi wao hawakuzikuta kabisa. Kisha mpira uliopigwa kwenda kulia ukakunja hewani, ukamfuata Dalton pale kwenye kituo cha tatu, ukampiga mbavuni. Siku mbili baadaye mwingine ukamvunja kidole. Sauti yake ikaanza kupotea. Nyumbani anaongea vizuri, akikanyaga tu nyasi za uwanja koo linafunga, anabaki anatoa upepo. Akakonda. Madaktari walimpima kila kitu wakamwambia apumzike.

Na ile harufu ikahamia kwenye nguo zake. Verlie alikuwa anafua shati lake akaisikia, akakaa chini sakafuni na shati mapajani.

Sasa hapa ndipo nilipomshangaa jirani yangu. Aliponijia kunieleza, alikuwa na hofu, ndiyo, hata kahawa akaimwaga mezani. Lakini alikuwa amepaka rangi ya mdomo. Saa nne asubuhi, siku ya kufua.

"Ni Clovis," alininong'oneza. "Hataki niolewe."

Nikamwambia anyamaze, hayo si ya kusema mchana wala usiku.

"Ana wivu," akasema. Na akatabasamu. Haki ya Mungu nilimwona. Alitabasamu kama msichana aliyetumiwa ua. Miaka thelathini na mmoja amemngoja mtu huyu ageuze shingo amtazame, na sasa amegeuza, kutoka kuzimu. Alimwonea Dalton huruma, alimpenda, alikuwa akimkanda mbavu kila jioni huku analia. Na moyoni kuna mahali palikuwa panachekelea. Binadamu ndivyo tulivyo.

Lakini Dalton alipokohoa damu kwenye leso, Verlie alifuta rangi ya mdomo akaenda kumchukua Bi Azema.

Bi Azema ni mganga wa sala, mama mkongwe anayeishi ng'ambo ya daraja. Dawa yake ni maneno aliyorithishwa, uzi wenye mafundo, na mkono wake. Hadai kitu, na kwetu mtu wa namna hiyo hashukuriwi. Ukimwambia asante tu, tiba imeharibika, anza upya. Alikuja mchana kweupe, saa nane, kwa sababu alisema mzimu unaofanya kazi mchana huitwa mchana. Kwenye mazoezi vijana walikuwa hawajafika. Tuliingia wanne, yeye, Verlie, Dalton na mimi niliyemshika mkono mzee asianguke.

Uwanja ulikuwa kimya. Hata vyura.

Bi Azema akasimama karibu na kile kibao cheupe, akafumba macho, akasali Kifaransa cha chinichini. Kisha akamwuliza Verlie anadhani marehemu anataka nini.

"Ananitaka mimi," Verlie akajibu. Alisema kwa unyonge, lakini alisema.

"Tutaona. Mkumbatie huyu bwana. Hapo hapo, juu ya kibao."

Dalton alimtazama mzee kama aliyeambiwa avue nguo. Verlie akamshika mabega akamkumbatia. Tukangoja. Miwa ilikuwa inacheza taratibu ng'ambo ya uzio, jua linawaka, hakuna kilichobadilika. "Mbusu," akasema Bi Azema. Verlie akambusu. Upepo haukugeuka. Hakuna harufu, hakuna mlio. Akambusu tena, safari hii kwa hasira, kwa muda mrefu, jicho moja wazi linatazama udongo chini ya miguu yake, na nikamwonea haya nikageuza uso, maana alikuwa anamsubiri yule aliye chini aseme neno. Clovis hakusema.

Bi Azema akatikisa kichwa. Akamwambia Dalton avae kofia ya kocha, aende akasimame mahali pake pa kituo cha tatu, atoe ishara yoyote.

Dalton akaenda. Akavaa kofia, akasimama, akainua mkono wake kuelekea kifuani, na kabla haujafika kifuani harufu ikatushukia sote kwa pamoja, dawa ya kuchua na tumbaku na nyuma yake kitu kama moshi wa mfupa, ikajaa puani mpaka macho yakatutoka machozi, na mbao za majukwaa zikaanza kulia moja baada ya nyingine, kutoka safu ya juu kushuka, kama mtu mzito anayeshuka kwa viatu vya meno bila haraka, safu kwa safu, akafika chini, akakanyaga changarawe, na changarawe ikawa inabonyea tukiiona, alama ya meno sita, alama ya meno sita, ikivuka mstari wa chokaa moja kwa moja kumwelekea Dalton, ambaye alikuwa amefungua mdomo na hakuna kinachotoka, mkono wake bado uko hewani kana kwamba umeshikwa kwenye kifundo, na nikauona mkono ule ukikunjwa pole pole kwenda nyuma, mahali ambapo mkono wa binadamu haufiki, naye akapiga magoti, akakodoa macho, na kofia ikaondoka kichwani pake kwa utaratibu kabisa, kama inavyovuliwa na mwenye kofia.

Bi Azema akafunga fundo kwenye uzi wake, akatamka neno, mkono ukaachiwa. Dalton akaanguka kifudifudi kwenye mchanga. Mimi nilikuwa nimejishikiza kwenye uzio.

Nilimtazama Verlie. Hakuwa anamtazama Dalton. Alikuwa anaitazama ile kofia iliyokaa hewani, urefu wa kichwa cha mtu mrefu, na kofia hiyo ilikuwa imempa kisogo.

"Hana wivu na wewe, mwanangu," Bi Azema alimwambia taratibu. "Ana wivu na kazi yake. Huyu angekuoa, angekuhamishia Texas, marehemu asingejua. Kosa la huyu ni kusimama pale."

Nimeona watu wakipewa habari za msiba. Sijaona uso ukianguka namna ile. Hata kufa kwake, Mungu wangu, hata mzimu wake haukumtaka.

Bi Azema akaeleza kwamba hakuna wa kumtoa isipokuwa aliyemweka. Mke ndiye aliyempa uwanja kwa mkono na kwa kinywa, na mke ndiye wa kumchukua. Achimbe pale alipochimba, achote udongo kidogo, amwite kwa jina. Kisha aupeleke udongo makaburini bila kusimama njiani, ukalale karibu na wazee wake, padri amalizie. "Na asiende peke yake," akaongeza. "Mtu anayembeba maiti asikae naye wawili tu. Huyu bwana aende naye."

Verlie akapiga magoti. Akakisogeza kile kibao, akachimba kwa vidole, kucha zinavunjika, na alipokuwa anachimba aliongea. Sijui kama alikumbuka kwamba tupo.

"Mwenye wivu ni mimi, Clovis. Unasikia? Nilikuwa na wivu na nyasi. Nilikuwa na wivu na chokaa uliyoibeba ndani ya gari mara nyingi kuliko ulivyonibeba mimi. Mtoto wetu nilimshika peke yangu. Nikakukabidhi kwa hawa watu kwa sababu nilichoka kukuomba. Sasa nimebadili mawazo. Simama twende."

Akachota udongo kwa viganja viwili akatia kwenye ndoo ya mipira. Kofia ikaanguka chini. Mbao zililia mara moja tu, zote kwa pamoja, halafu vyura wakaanza kuimba, na harufu ikaondoka uwanjani kana kwamba mtu amefungua dirisha. Iliondoka uwanjani, nasema. Mimi niliyekuwa karibu na ndoo nilijua ilikoelekea.

Dalton akainuka. Akakohoa, akatema mate safi. Akajaribu koo lake, "Ee," kisha "Eee," kisha akacheka kwa sauti iliyosikika hadi barabarani. Akamkimbilia Bi Azema mikono mbele, na Verlie akawahi kumziba mdomo asije akashukuru. Tukacheka wote kidogo, kile kicheko cha watu waliotoka kuogopa. Kwa dakika hiyo niliamini kwamba ndoa ipo.

Ndipo vijana wakaanza kuingia kwa mazoezi, glovu mkononi, wanasukumana. Mechi ya kwanza ilikuwa Ijumaa ile. Dalton akawaona. Nilimwona alivyowaona.

"Twende," Verlie akamwambia. Ndoo iko mkononi, imemlemea upande mmoja. "Makaburi si mbali."

"Tangulia, mpenzi," Dalton akasema. "Nina sauti, Verlie, umesikia? Wiki tatu sijawafundisha kitu hawa watoto. Saa mbili tu. Nitakukuta huko."

"Bi Azema amesema nisiende peke yangu."

"Nenda na jirani basi." Na tayari alikuwa ameokota kofia. Akaipangusa udongo kwenye paja, akaivaa, akawaendea vijana wake kwa hatua za mtu aliyepona, akipiga makofi.

Verlie alisimama pale akimtazama mgongo. Hakumwita tena. Nilitaka kwenda naye, lakini nilikuwa na mzee wa kumvusha daraja, na nilimwambia anisubiri kidogo. Alinijibu, "Hakuna haja." Aliiweka ndoo kwenye kiti cha mbele cha gari, kile cha abiria, akaifunga mkanda.

Barabara inayotoka uwanjani inafika njia panda. Kushoto ni kanisa na makaburi, kulia ni kwetu. Bi Azema na mimi tulikuwa bado tunajikokota langoni tukaiona taa ya gari inawaka kuonyesha kushoto. Iliwaka muda mrefu. Kisha ikazimwa, gari likakunja kulia.

Bi Azema alisimama. Akaukata uzi wake, akautupa mtaroni, akaniomba nimpeleke nyumbani.

Dalton yuko hai, mzima, ana sauti ya kengele. Msimu huo walifika mbali ambako chuo chetu hakijawahi kufika. Alikwenda makaburini saa mbili baadaye, zikawa tatu, hakumkuta mtu. Alipobisha kwa Verlie, mlango ulifunguliwa kiasi cha jicho, akaambiwa kwa heshima kabisa kwamba hakuna harusi. Alipouliza kwa nini, Verlie alimwambia, "Mume wangu yumo ndani." Alisimama pale barazani na maua yake, kisha akaja kwangu kuuliza kama mwenzangu amechanganyikiwa. Mimi, kutoka barazani kwangu, nilikuwa nimeinusa ile harufu ikipita kwenye ule ufa wa mlango. Nilimwambia aende tu mazoezini, na kweli alikwenda.

Mimi ndiye niliyebaki na ukuta huu mmoja kati yangu na Verlie. Uwanja hauko mbali, siku za mechi makelele yanafika hadi jikoni kwangu, na siku hizo Verlie anafunga madirisha yote hata kukiwa na joto la kuua mtu, anashindilia mataulo chini ya mlango, anawasha redio kwenye nyimbo za kanisa. Watu wanaposhangilia, ndipo ninapomsikia huyo mwingine. Viatu vya meno juu ya mbao, kutoka dirishani hadi mlangoni, kutoka mlangoni hadi dirishani, haraka zaidi, haraka zaidi, na kitasa kinatikisika na mlango haufunguki, maana aliyemfungia ndani anamjua vizuri kuliko sisi sote.

Kisha namsikia Verlie akivuta kiti, sauti yake nyororo kama ya bibi harusi.

"Kaa chini, Clovis. Chakula kinapoa."